James Earl Jones: maswali tunayoulizwa kila tukionyesha filamu zake

Kundi letu la maigizo hukutana Jumamosi mchana katika ukumbi wa parokia, komini ya Kenya, hapa Lubumbashi. Tangu mzee James Earl Jones afariki, tumekuwa tukionyesha kazi zake moja moja ukutani, kwa projekta ya kuazima, na jenereta ikinguruma nje kwa sababu umeme hauaminiki. Taa zikiwaka, maswali ni yale yale. Nimeyakusanya hapa ili anayekuja kwa mara ya kwanza asianze sifuri. Mengine nimeyajibu kwa sentensi mbili. Mengine nimeshindwa kuyafupisha, kwa maana mtu huyu amenifundisha kazi bila kunijua.

Ni nani, kwa kifupi?

Ni mwigizaji Mmarekani mweusi aliyezaliwa tarehe 17 Januari 1931 huko Arkabutla, jimbo la Mississippi, akafariki tarehe 9 Septemba 2024 akiwa na miaka 93. Alianza kazi ya jukwaa katika miaka ya 1950, na mwaka 2015 bado alikuwa akitoka mbele ya watu jioni kwa jioni huko New York. Katikati ya miaka hiyo amekuwa Othello, amekuwa mfalme Lear, bondia, mzoa takataka, rais wa Marekani, padri wa kijijini, mfalme wa nchi isiyokuwepo kwenye ramani, na simba.

Sauti yake naijua. Si ndiye Mufasa wa Le Roi Lion (The Lion King)?

Ndiye. Lakini wewe hujamsikia.

Kila nikisema hivi ukumbi unapiga kelele, kwa hiyo nieleze. Kaseti na DVD zilizotulea sisi watoto wa Lubumbashi zilikuwa za Kifaransa. Katika Kifaransa, Mufasa ni Jean Reno, tangu filamu ya kwanza ya mwaka 1994 hadi ile ya 2019. Darth Vader, yule mwovu wa filamu za Star Wars aliyetiwa sauti na Jones huyu huyu, naye hatukumsikia, tena sisi tunamwita Dark Vador kwa sababu Wafaransa walimbadilisha mpaka jina. Siku ile Mufasa anaanguka korongoni na sisi tunajifuta machozi kwa shati la shule, sauti iliyotufanya tulie haikuwa ya James Earl Jones hata kidogo.

Sidhani tumepoteza. Karibu kila anayeandika juu ya mtu huyu huanza na sauti na kumaliza na sauti, kana kwamba alikuwa ngoma iliyojipiga yenyewe. Sisi tumejikuta tukimtazama bila ile sauti kutufunika, na kwa mwanafunzi wa uigizaji hiyo ni bahati. Chukua Un prince à New York (Coming to America) ya mwaka 1988. Mfalme Jaffe Joffer anaingia, ngozi ya simba imemlalia begani. Ziba masikio. Uzito wote wa ufalme uko kwenye jinsi anavyosimama bila haraka, akiwaacha wengine wazunguke. Mtu asiyejua kutawala mwili wake, umvike ngozi ile, ataonekana amebeba mzigo wa soko.

Ni kweli alikuwa na kigugumizi?

Ni kweli, na kilikuwa kigugumizi kikali.

Alilelewa na babu na bibi wazaa mama. Alipokuwa na umri wa miaka 5 hivi walihama naye kutoka Mississippi mpaka Michigan, kaskazini, kwenye shamba. Kigugumizi kikamshika, akaacha kusema. Akiwa shuleni alikaa karibu miaka 8 bila kuzungumza hadharani. Nyumbani alisema kidogo, na wanyama wa shambani alizungumza nao vizuri. Mbele ya watu, kimya.

Aliyemfungua ni mwalimu wake wa sekondari, Donald Crouch. Kijana alikuwa anaandika mashairi kwa siri, na siku moja aliandika shairi la kusifu balungi. Mwalimu akalisoma, akamwambia ni zuri mno, hata mtu anaweza kudhani amelinakili mahali. Kama ni lako, simama mbele ya darasa ulitoe kichwani, bila karatasi. Akasimama. Maneno yakatoka yote, bila kukwama. Tangu siku hiyo Crouch hakumwacha: kusoma kwa sauti, mashairi, mijadala.

Si muujiza. Wengi wenye kigugumizi hukwama wanapolitafuta neno lao wenyewe mbele ya mtu anayesubiri. Maneno yaliyohifadhiwa, yenye mapigo, au yanayoimbwa, mara nyingi hupita. Anayekwama akisalimia anaweza kuimba kwaya nzima.

Kwetu kuna kijana wa komini ya Katuba, fundi wa baiskeli. Herufi inayomkamata ni m. Siku yake ya kwanza alipaswa kusema maneno matatu tu, «Mama, mimi naenda», na m ya kwanza ikamfunga mdomo. Nilikuwa nimekaa karibu naye: midomo imebanana mpaka imepauka, mshipa wa shingo umesimama, kiganja cha kulia kinapiga paja, tap, tap, tap, kama anayejaribu kuwasha pikipiki. Wenzake waliangalia sakafu kwa heshima. Juma lililofuata nikampa shairi alihifadhi. Alikuja, akatugeuzia mgongo, akalielekea dirisha, akalitoa lote kuanzia mwanzo hadi mwisho. Hapo ndipo nilipomsimulia habari ya balungi na mwalimu Crouch. Akanisikiliza, akauliza jambo moja tu (yaya kwetu ni ndugu mkubwa): «Yaya, yeye kilimwacha lini?»

Nikamjibu ukweli. Hakikumwacha. Mpaka uzeeni James Earl Jones alijihesabu mtu mwenye kigugumizi. Alichagua maneno yake polepole katika mazungumzo, na ule utulivu tunaouita ukuu, kwa sehemu, ni mtu anayepima njia kabla ya kuweka mguu. Kijana wetu anaendelea kuja. Sasa anatazama watu anaposema.

Alianzia wapi? Alitoka chuo akaingia Hollywood moja kwa moja?

Hapana. Chuo Kikuu cha Michigan aliingia akilenga udaktari, akabadilika akasoma maigizo. Akatumikia jeshi kama afisa, akapelekwa mazoezi ya baridi kwenye milima ya Colorado, na kuna wakati alifikiri abaki hukohuko jeshini.

Kazi yake ya kwanza ya jukwaa ilikuwa katika ukumbi wa Ramsdell, mji mdogo wa Manistee, Michigan, na alianza kama seremala. Nyundo, misumari, mbao za mandhari. Baadaye akawa msimamizi wa jukwaa na mwigizaji, na ni hapo alipocheza Othello kwa mara ya kwanza, nguo ile ile aliyokuja kuivaa tena na tena maisha yake yote. Alipofika New York aliendelea kujifunza huku akifanya kazi ya usafi kulipia chumba.

Nalisisitiza hili kwa sababu kwetu kuna vijana wanaokuja saa tisa kamili, viti vikiwa vimeshapangwa na wengine. Mtu aliyepigilia mbao za jukwaa anajua ni ubao gani unalia ukiukanyaga. Hatapotea akiwa gizani.

Baba yake hakuwa mwigizaji? Hakumfungulia mlango?

Baba yake, Robert Earl Jones, alikuwa bondia kisha mwigizaji. Utamwona katika L'Arnaque ya mwaka 1973. Lakini aliondoka nyumbani mapema, mtoto akakua bila kumjua, na wakaja kujuana tayari ni watu wazima. Wakati wa ule msako wa wakomunisti Marekani baba huyu aliwekwa kwenye orodha ya watu wasiopewa kazi, kwa hiyo mlango wa kumfungulia mtu hakuwa nao. Waliwahi kusimama jukwaa moja. Ninapofikiria baba na mwana wakisubiri nyuma ya pazia zamu yao ya kuingia, miaka yote hiyo ikiwa kati yao, naona hapo peke yake kuna igizo.

Igizo gani lilimfanya ajulikane?

Kwanza mwaka 1961 alikuwa katika Les Nègres ya Jean Genet, iliyochezwa New York kwa Kiingereza mara 1,408. Angalia walioshirikiana naye: Cicely Tyson, Louis Gossett, Roscoe Lee Browne, Maya Angelou. Waigizaji weusi walikuwa hawana mahali pa kujifunzia pamoja kwa wingi hivyo, na ukumbi ule mdogo ukawa kama chuo.

Mwaka 1962 akacheza Mwana wa Mfalme wa Moroko katika igizo la Shakespeare, bustanini, bure kwa watu wote. Mwongozaji wa filamu Stanley Kubrick alikuja kumtazama mwigizaji mwingine, George C. Scott, akaondoka amewachukua wote wawili. Hiyo ndiyo filamu yake ya kwanza, Docteur Folamour, 1964. Alitazamwa na mtu ambaye hakuja kwa ajili yake.

Lakini kilichompasua ni The Great White Hope ya Howard Sackler, iliyochezwa Washington mwaka 1967 kisha Broadway, yaani kumbi kubwa za maigizo za New York, mwaka 1968. Mhusika wake ni Jack Jefferson, aliyetengenezwa kwa mfano wa Jack Johnson, mtu mweusi wa kwanza kuwa bingwa wa dunia wa uzito wa juu mwaka 1908. Wazungu hawakustahimili ubingwa ule, na hawakustahimili wanawake wa kizungu aliokuwa nao. Wakamwinda kwa sheria mpaka akakimbia nchi. Jones alinyoa kichwa, akajenga mwili wa bondia, akashinda Tony, tuzo kuu ya maigizo ya Broadway, mwaka 1969. Filamu ilitoka 1970 na kumpa nafasi ya kuwania Oscar ya mwigizaji mkuu, mwanamume mweusi wa pili baada ya Sidney Poitier.

Hapa sisi Wakongo tuna jambo letu. Kati ya waliokuja kutazama igizo lile alikuwamo Muhammad Ali, wakati amenyang'anywa ubingwa na kufungiwa ngumi kwa kukataa kwenda vita ya Vietnam. Alijiona mwenyewe. Alisema hadithi ile ni yake, ukiondoa tu wanawake wa kizungu na kuweka dini. Miaka michache baadaye, tarehe 30 Oktoba 1974, Ali huyo alikuwa Kinshasa, uwanja mzima unamwimbia «boma ye», yaani «mwue», na wazee wetu hapa walikuwa wameegemeza sikio kwenye redio. Nikitazama filamu ya Jack Jefferson siwezi kumtenganisha na usiku ule. Na Ali alipocheza maisha yake mwenyewe katika filamu ya mwaka 1977, Malcolm X alichezwa na James Earl Jones.

Dark Vador: ni yeye aliyevaa ile kofia nyeusi?

Hapana. Mwilini alikuwa David Prowse, Mwingereza mrefu aliyekuwa mnyanyua vyuma. Jones aliingia studio baadaye, akatia sauti kwa muda wa saa chache, akalipwa dola 7,000. Aliomba jina lake lisiandikwe, kwa kuwa aliona kazi yake ni sawa na milio na moshi, sehemu ya ufundi tu. Jina lilikuja kuonekana katika filamu ya tatu, mwaka 1983.

Fundisho la kazi lililomo ni hili. Walitaka sauti isiyopanda wala kushuka sana, sauti ya mtu ambaye amebaki na utu kidogo. Mwigizaji aliyezoea kufungua kifua na kujaza ukumbi wa Shakespeare akajifunga ndani ya uzi mwembamba namna ile. Ukipata nafasi ya kuisikiliza kwa Kiingereza, hata kama huelewi lugha, sikiliza jinsi anavyojinyima.

Mufasa ni jina la Kiswahili?

Simba ni simba, Rafiki ni rafiki, Pumbaa ni amri ya kumwambia mtu apumbae, Shenzi mnaijua, na Sarabi ni mazigazi, yale maji ya uongo unayoyaona mbele ya barabara jua likiwa kali. Mufasa ndilo limenishinda: katika Kiswahili tunachokisema huku halipo. Lakini masikio ya mtu wa Lubumbashi hulipokea bila shida, kwa sababu sisi ni watu wa «mu»: muntu, mutoto, Mufasa.

Jambo zuri ambalo wengi hawalijui: aliyetia sauti ya Sarabi mwaka 1994 ni Madge Sinclair, yule yule malkia wa Jaffe Joffer katika Un prince à New York. Mume na mke wa kifalme mara mbili, kwanza kwa sura, kisha kwa sauti.

Aliwahi kuigiza mambo ya Afrika, au alikuwa mfalme wa kubuni tu?

Swali hili huja kwa ukali kidogo, na lina haki yake, maana Zamunda, ile nchi ya mfalme Jaffe Joffer, si nchi ya mtu.

Mwaka 1967 alikuwa Dahomey, Benin ya leo, kutengeneza filamu ya Les Comédiens. Hadithi ni ya Haiti chini ya dikteta Duvalier, lakini Haiti hawangeweza kupigia picha, wakaja Afrika Magharibi. Yeye alikuwa daktari Magiot. Kisha kuna maigizo ya Athol Fugard wa Afrika Kusini, ambayo aliyacheza New York wakati ubaguzi wa rangi uko kwenye nguvu zake: The Blood Knot mwaka 1964, Boesman and Lena mwaka 1970, A Lesson from Aloes mwaka 1980. Maigizo ya watu wawili watatu ndani ya chumba au matopeni, hakuna fedha kubwa, na anayarudia kwa miaka kumi na sita.

Halafu mwaka 1995, Cry, the Beloved Country. Padri Stephen Kumalo anatoka kijijini kwenda Johannesburg kumtafuta mwanawe, na anamkuta gerezani kwa kuua. Filamu hii tuliionyesha msimu wa mvua, mabati yakapigwa mpaka hatukusikia neno kwa nusu saa nzima. Hakuna aliyeondoka. Jones amevaa koti la kipadri lililochoka, mabega yameanguka, kofia anaizungusha mkononi kwa ukingo wake kama mtu anayehesabu rozari. Hakuna mfalme humo. Mama mmoja wa komini ya Ruashi, ambaye mwanawe alienda kutafuta maisha Johannesburg na kunyamaza, alibaki amekaa baada ya watu kutoka. Sikumwuliza kitu. Tulizima jenereta tukamsubiri.

Alishinda tuzo ngapi?

Tony mbili za uigizaji, 1969 na 1987, na ya tatu ya heshima mwaka 2017. Emmy mbili, tuzo za televisheni, katika usiku mmoja mwaka 1991, kwa kazi mbili tofauti. Grammy moja, tuzo ya rekodi za sauti, mwaka 1977 kwa kusoma hati za kihistoria za Marekani. Oscar ya heshima mwaka 2011. Siku ya Oscar hiyo hakuwa Marekani. Alikuwa London, anacheza Driving Miss Daisy pamoja na Vanessa Redgrave, na sanamu akakabidhiwa pale pale jukwaani, baada ya onyesho.

Baada ya umaarufu ule wote, kwa nini aliendelea kurudi jukwaani?

Kwenye filamu unasema mstari, ukikosea unarudia, unaenda nyumbani. Broadway ni maonyesho 8 kwa juma, kila moja kuanzia mwanzo hadi mwisho, uwe na homa usiwe na homa. Mtu aliyekwisha kuwa Dark Vador hakuhitaji adha ile. Yeye akaifuata: Othello tena mwaka 1982, Iago akiwa Christopher Plummer, kisha Fences.

Fences ya August Wilson ndiyo, kwangu mimi, kazi yake kubwa kuliko zote. Alianza nayo mwaka 1985 na kuifikisha Broadway mwaka 1987. Troy Maxson ni mzoa takataka aliyekuwa mchezaji hodari wa besiboli, ila rangi yake ilimfungia ligi kubwa, na milango ilipofunguliwa alikuwa ameshazeeka. Sasa anamfungia mwanawe mlango wa michezo. Kuna mahali mtoto anamwuliza kwa nini hajawahi kumpenda. Baba anacharuka. Je, hali chakula? Hana nguo, hana paa? Nani amekwambia kuna sheria ya mimi kukupenda? Ninakulisha kwa sababu ni wajibu wangu, wewe ni damu yangu.

Tuliwahi kulichambua onyesho hili kwa Kiswahili chetu, na sikuhitaji kueleza kitu. Nusu ya waliokuwa ukumbini ni watoto na wajukuu wa wafanyakazi wa migodi. Babu zetu walileta posho nyumbani mwisho wa mwezi, gunia la unga, mafuta, samaki wakavu, wakakaa kwenye kiti chao, na posho ile ilikuwa ndiyo maneno yote ya mapenzi waliyokuwa nayo. Kijana aliyecheza Troy alisema mistari ile akiwa ameangalia mlango, si mwanawe. Nikamwuliza kwa nini. Akasema, «Baba yangu hufanya hivyo.»

Naye Jones hakumtengeneza Troy awe shetani wala awe mtakatifu. Hiyo huja kwa kurudia usiku mia kadhaa, ukigundua usiku wa themanini kwamba neno moja dogo ulikuwa unalipitia mbio.

Alifanya kazi hadi uzee gani?

Mwaka 2008 alicheza La Chatte sur un toit brûlant huko Broadway, waigizaji wote wakiwa weusi. Mwaka 2015, akiwa na miaka 84, alicheza The Gin Game na Cicely Tyson, mama wa miaka 90. Wazee wawili wanacheza karata kwenye baraza la nyumba ya wazee, basi, hakuna kingine. Hawa wawili walikuwa wamesimama pamoja tangu Les Nègres ya mwaka 1961. Ukihesabu utaona wanapokezana karata juu ya miaka 54.

Hakukosea kamwe?

Alikosea hadharani. Mwaka 2013, akiwa na miaka 82, alicheza Much Ado About Nothing huko London, yeye na Redgrave wakiwa wapenzi wagomvi ambao kwa kawaida huchezwa na vijana. Wahakiki hawakupendezwa. Baada ya hapo akarudi Broadway mwaka 2014 na tena 2015. Filamu nyingine alizokubali zilikuwa nyepesi, na sioni haja ya kuzitetea. Alitia sauti matangazo, alitaja jina la kituo cha CNN kwa sekunde mbili, alisomea watoto alfabeti katika Sesame Street. Alfabeti ile iangalieni. Anatoa herufi moja, ananyamaza, anawaangalia watoto machoni mpaka wenyewe wanataka kuitaja inayofuata.

Ni kweli sauti yake inaendelea kutumiwa na mashine?

Alikubali mwenyewe. Katika mfululizo wa televisheni wa Obi-Wan Kenobi wa mwaka 2022, kampuni moja ya Ukraine ilitumia rekodi zake za zamani kutengeneza upya sauti ya Vader, naye akiwa hai. Ninaheshimu uamuzi wake. Ninachowaambia vijana ni kwamba mashine ilipewa sauti. Kofia ya padri Kumalo inayozungushwa mkononi haikupewa.

Kwa nini tumsome Mmarekani? Sisi hatuna wakubwa wetu?

Tunao, na jibu langu si kuchagua. Hapa Lubumbashi kundi la Mufwankolo lilicheza kwa Kiswahili chetu redioni na kwenye televisheni kwa miaka mingi, na wazazi wetu waliacha vyombo bila kuoshwa ili wasikilize. Mwaka 1986 mtafiti Johannes Fabian alikaa nao walipokuwa wanatengeneza igizo juu ya msemo kwamba mamlaka huliwa mazima, akaandika kitabu kilichotoka mwaka 1990. Ukikisoma utaona hawakuwa na maandishi ya kuhifadhi. Walijadili, wakagawana sehemu, wakajaribu, mistari ikazaliwa mdomoni.

Ni njia iliyo kinyume kabisa na ya Jones, aliyehitaji neno lililokwisha kuandikwa ili ulimi umwachie. Kundi letu linatumia zote mbili. Fundi wetu wa Katuba tunampa maandishi. Dada zetu wauza soko tunawapa hali tu, na wanatushinda wote.

Kuna mahali penye jina lake?

New York. Ukumbi wa Cort, kule Broadway, uliitwa James Earl Jones Theatre mwaka 2022. Ni katika ukumbi huo huo, mwaka 1958, alipocheza mtumishi wa nyumbani katika Sunrise at Campobello, igizo juu ya rais Roosevelt, anaingia na kutoka.

Nianze na ipi?

Kama una watoto nyumbani, Le Roi Lion, lakini itafuteni ya Kiingereza safari hii na muwaambie watoto ni nani anayesema. Ukiwa peke yako, Cry, the Beloved Country. Ukitaka kuona nguvu za ujana, filamu ya The Great White Hope. Anayesoma Kiingereza akitafute kitabu alichosimulia maisha yake mwaka 1993, Voices and Silences. Sisi tunayo nakala moja iliyoachia jalada, na inazunguka kwa zamu ya majuma mawili. Kwa sasa iko Katuba.